Brick game ya Naserian

Leo nimeiba kitu kile kile mara ya pili.

Naserian, tuliyesoma naye Mashuuru, alinitembelea hapa Kitengela na mtoto wake.

Tukiwa kwa chai, mtoto akatoka bedroom na brick game. Zile game za mkononi za kupanga matofali, za miaka ya tisini. Bado iko ndani ya kamfuko ka shanga nyanyake Naserian alimshonea.

Tukiwa darasa la tano nilimwambia Naserian game yake imepotea pale dip ya kuogeshea ng'ombe. Hata nilimsaidia kuitafuta, ati! Alichapwa kwao.

Naserian akaangalia zile shanga. Mimi nikaangalia kikombe.

Akamwambia mtoto polepole, "Rudishia auntie game yake."

Nyinyi mngefanya nini? Semeni ukweli.

Mimi nilinyoosha mkono, nikapokea, nikasema asante.