Propu Ambaye Hajafunzwa

Nimecheza raga miaka yangu yote ya nguvu na sijui raha ya kufunga iko vipi. Sikufunga hata mara moja. Nilikuwa propu, yule mtu wa mstari wa mbele kwenye skramu, pale timu mbili zinapokabana kugombea mpira, anayeinamisha kichwa na kusukumana na kina propu wenzake wa upande ule mwingine. Watu wa Machakos wanajaa pembeni ya uwanja, wanapiga kelele, na mimi naona nyasi tu na viatu. Nikiinua kichwa, mpira umeshaenda. Marehemu mwaitu, mama yangu mzazi, alikuja kunitazama siku moja tu. Alirudi nyumbani akiwaambia majirani kwamba mwanawe alishinda uwanjani akitafuta kitu alichoangusha.

Lakini nilikuwa na mwenzangu huko chini. Katikati ya mapropu wawili huwa kuna mtu anayeitwa huka, ndiye anayeuvuta mpira nyuma kwa mguu. Huka wangu alikuwa jamaa wa Matuu, mfupi, na mdomo wake haukuwa na breki. Mkono wangu wa kulia ulimshika mgongoni, wake ukanishika begani, na ilikuwa hivyo kila Jumamosi mpaka nikaijua pumzi yake kuliko nilivyoujua uso wake. Refa akitupanga, jamaa ananinong'oneza kwamba yule wa mbele yangu amekula vitunguu, nivumilie. Jamani, nilicheka huko chini kuliko nilivyowahi kucheka mahali pengine popote.

Siku moja propu mwenzangu, yule wa upande wa pili wa huka wetu, alikosa kuja. Hapa kwetu kuna ugonjwa mmoja: mtu akiwa mnene, basi ni propu. Wakubwa wa timu wakamtoa muuza nyama mmoja pale pembeni, kipande cha mtu, wakamvalisha jezi na kumwambia asukume tu. Hakuna aliyekuwa amemfundisha namna ya kuweka miguu wala mgongo. Skramu ya kwanza ikamshinda, akaporomoka, nasi tukaporomoka naye. Sasa huka, mikono yake yote miwili iko mabegani mwa wenzake. Akianguka hana cha kujikinga nacho, anaanguka na kichwa. Niliisikia ile shingo kabla sijasikia filimbi.

Hakufa, tunashukuru Mungu. Anatembea, ana maembe yake huko Matuu, na mdomo bado ni ule ule. Lakini shingo haigeuki. Nikimtembelea na kumwita nikiwa langoni, anashika kiti, anainuka, anajigeuza mwili mzima kama anayehamisha kabati, ndipo ananiona. Halafu ananitania kwamba nimezeeka vibaya. Mimi hucheka naye, na nikiondoka hapo huwa sina hamu ya kuongea na mtu.

Nilipoacha kucheza nikawa mwalimu wa skramu. Si kocha mkuu, huyo ni kijana wa mbio na pasi. Mimi nilipewa wale wazito. Fundi wa jua kali alituchomelea chuma cha kusukuma, tukafunga magodoro kuukuu mbele yake, na kila Jumanne na Alhamisi jioni nilikuwa pale nikiwafokea watu wazima washushe makalio. Mke wangu alishatangulia mbele za haki. Watoto wako Mombasa na hupiga simu wakikumbuka. Siku nyingine zote naweza kumaliza kutwa nzima pale nyumbani Mumbuni bila kuufungua mdomo isipokuwa kwa kula muthokoi. Sitaki huruma ya mtu, nasema tu ilivyokuwa. Zile jioni mbili ndizo nilizokuwa nazo.

Basi msimu uliopita, asubuhi ya mechi kubwa ya nyumbani, propu wangu mmoja akapiga simu. Alikuwa amepata kazi ya ujenzi Konza na msimamizi amemkatalia ruhusa. Wa akiba alikuwa na goti bovu. Sheria ya ligi yetu ni kwamba ukikosa mtu aliyefunzwa wa mstari wa mbele, skramu zote zinakuwa za kushikana tu bila kusukumana, na wewe uliyekosa unacheza na mtu mmoja pungufu.

Mwenyekiti wa timu hakukubali. Akaenda sokoni akarudi na mpakiaji wa magunia, jitu la mtu, na nyuma yake wenzake wa kazi wamekuja kumshangilia. Yule bwana alikuwa na furaha, wacha tu. Jezi ilimbana tumboni, akawa anaivuta na kutabasamu, akaniamkia kwa heshima na kuniuliza asimame wapi. Shingo yake ilikuwa nene, na nilishindwa kuacha kuitazama.

Mwenyekiti akanivuta kando. Refa angeniuliza mimi, maana refa ananijua tangu nikicheza, na nikisema ndiyo hatauliza tena.

"Mzee, sema tu amefunzwa," akaniambia. "Ukisema hapana, usijisumbue kuja Jumanne."

Kusema kweli, niliogopa. Niliiona Jumanne yenyewe: mimi, kiti changu na ukuta. Nilitamani sana yule mtu awe amefunzwa. Hata nikaanza kujidanganya kwamba mgongo wa kubeba magunia si haba, kwamba labda nimwonyeshe haraka haraka pale kando ya choo. Refa akaja, akamtazama, akanigeukia.

"Huyu amefunzwa?"

"La," nikasema. "Hajafunzwa."

Tulicheza pungufu na tukafungwa hadi aibu. Kila skramu, wanaume walishikana wakasimama tu, kama watu wanaopigwa picha ya harusi. Kazi niliyoifanya maisha yangu yote haikuhitajika siku ile hata kidogo. Mpakiaji alivua jezi mbele ya wenzake waliokuwa wakimcheka, akaikunja vizuri, akaniwekea mkononi. Iliniuma kuliko maneno ya mwenyekiti.

Jumanne nilikaa nyumbani. Alhamisi pia. Wachezaji wawili walinitumia ujumbe wa pole, kisha wakanyamaza. Kuna mtu amewekwa kushika kazi yangu, na nasikia anawafundisha kwa video.

Wiki kadhaa baadaye nilikuwa sokoni nikinunua nyanya, nikamwona yule bwana akiwa na gunia la mahindi mgongoni. Nilifurahi kama mtu aliyeona ndugu. Nikamwita, nikamsalimia kwa sauti. Akageuza kichwa upande wangu na gunia lake juu, akanitambua, na uso ukamharibika. Kisha akakigeuza kichwa upande wa pili kabisa, akaendelea na safari yake.

Iligeuka yote ile shingo, huku mpaka kule, bila shida yoyote. Nilisimama pale na nyanya zangu nikaitazama mpaka akapotea kwenye watu. Kisha nikarudi nyumbani kupika.