Siku Niliyonyimwa Maziwa

Nimefanya kazi ya kuandika maisha yangu kwa muda mrefu, na bado majirani zangu hapa Kanoni hawajakubali kwamba hiyo ni kazi. Wananiona asubuhi nimekaa barazani, kompyuta mapajani, wenzangu wakipalilia vibanja vyao vya migomba, na wanapita wakinisalimia kwa sauti ile ya kumsalimia mgonjwa. Mama mmoja wa kwaya yetu aliposikia kwamba naandika habari zangu mwenyewe, aliniuliza kwa upole kabisa, "Kwani unazisahau?"

Nilicheka, lakini swali lake lilinikaa. Sikuwa nimesahau. Nilikuwa nakumbuka kupita kiasi, na katika yote niliyoyakumbuka, jambo moja lilikuwa limekibeba kitabu kizima. Nilikumbuka siku niliyonyimwa maziwa nyumbani kwa wazazi wa mama.

Baba yangu alikuwa mkulima wa ndizi na kahawa, Mlutheri wa kuzaliwa. Mama alitoka kwa wafugaji, upande wa Kibingo, kule Kyerwa. Walipooana, kila upande ulinung'unika kwa namna yake. Wa baba walisema mwanamke huyu hajui kushika jembe. Wa mama walisema binti yao amekwenda kufungiwa migombani. Mimi nikazaliwa na urefu wa kule na njaa ya huku. Hadi leo nikisimama kibanjani watu wananitania kwamba twiga kaingia shambani, nami nacheka nao, ingawa si kila siku.

Siku hiyo nilikuwa mdogo, sijaanza shule. Wazazi wangu walikuwa wananipeleka kwa babu kwa mara ya kwanza tangu nijue kusema. Asubuhi, mama akiwa bado anajiandaa, bibi mzaa baba alinivuta jikoni akanishindilia ndizi na maharage, kwa hofu kwamba ningemwaibisha kwa njaa ugenini. Baba naye alikula sahani yake, akaongeza. Tulifika alasiri. Babu alikuwa amekaa mlangoni, mwembamba, fimbo magotini. Nikamwamkia shikamoo, akaniwekea mkono kichwani. Mama mdogo, mdogo wake mama, akaleta chombo cha maziwa, cha mti, cheusi kwa kufukizwa moshi. Baba akapewa kwanza. Akanywa, akashukuru, akafuta mdomo. Kisha kikaletwa chombo cha pili; babu akakishika, akaniinamia na kuniuliza nimekula nini leo.

"Maharage," nikasema, kwa fahari, maana yalikuwa mengi.

Babu akatikisa kichwa. Akamrudishia mama mdogo wangu kile chombo, akasema mtoto huyu leo hanywi. Mama akainuka, akatoka nje. Nilipomfuata, nilimkuta nyuma ya nyumba, uso umelowa machozi, mdogo wake amemkumbatia.

Mama alifariki kabla sijamaliza darasa la pili, na mimi sikupelekwa tena Kibingo. Nilipokua nilijifunza, kama kila mtu wa huku, kwamba wafugaji wa zamani hawakuruhusu maziwa na maharage vikutane tumboni. Waliamini ng'ombe aliyetoa maziwa hayo angeumwa kiwele, pengine akakaukiwa kabisa. Haikunifariji. Baba alikula maharage yale yale, kutoka chungu kile kile, na alipewa akanywa. Alijisifu kwa jambo hilo maisha yake yote. "Ukweni kwangu naheshimiwa," alikuwa akiwaambia wenzake. "Sijawahi kufika pale nikakosa maziwa." Nilimsikiliza nikiwa nimeuma meno. Mkwe mkulima anaheshimiwa, na mtoto wa binti yao anarudishwa kama sahani chafu.

Juu ya hilo nikajenga kila kitu. Sura ya kwanza ya kitabu changu ilikuwa siku hiyo, na sura zote zilizofuata zilikuwa zinaijibu: kwa nini nilisoma kwa hasira, kwa nini niliondoka, kwa nini nilirudi kujenga Kanoni na si kwingine. Niliandika kwamba kuna watu waliopimwa utotoni wakaonekana wamepungua. Niliipenda sana sentensi hiyo. Niliandika pia kwamba mama alilia kwa aibu.

Kitabu kilipokaribia kwisha, nikaona si haki kukitoa bila kumsomea mama mdogo. Katika wale waliokuwepo siku ile, amebaki yeye tu. Tulikuwa tukionana misibani na kwenye harusi, lakini sikuwahi kukanyaga tena nyumba ile. Nilipanda gari, kisha bodaboda, na barabara ilipopanda kilima cha mwisho nikamwomba dereva asimame.

Sikumbuki kuliona lile bonde utotoni. Nyasi zilikwenda mpaka macho yanachoka, kilima nyuma ya kilima, bila mgomba hata mmoja wa kukuzuia kutazama. Ng'ombe walikuwa wanapandisha kutoka mtoni, pembe zao ndefu zikitangulia kabla ya vichwa, na walikuwa wengi, na hawakuwa na haraka yoyote. Nilisimama pale kama mtu aliyeingia kanisani katikati ya sala. Dereva akazima pikipiki bila kuambiwa. Mama aliacha hivi vyote akaja kukaa kivulini kwetu, na sijui kama kuna hata mmoja aliyempa pole.

Mama mdogo alinipokea kwa kelele na matani. "Mwandishi amefika! Leo tunaandikwa wote!" Alikuwa anasuka maziwa, kibuyu mapajani, na hakuacha kwa ajili yangu. Nikamsomea sura ya kwanza huku kibuyu kikienda mbele na nyuma. Nilipofika pale baba anapopewa na mimi ninanyimwa, kibuyu kikasimama.

"Ngoja," akasema. "Mwanangu, hivyo ndivyo ulivyoelewa?"

Nikamwambia ndivyo ilivyokuwa.

"Baba yako hakuulizwa alichokula."

"Hakuulizwa."

"Hata siku moja. Alikuja hapa miaka na miaka, ananuka maharage, anapewa, anashukuru, anakwenda zake." Akaanza kucheka, akajizuia kwa kunionea huruma. "Mgeni haulizwi alichokula. Ni aibu kumuuliza. Palikuwa na ng'ombe mmoja mzee, maziwa yake tulikuwa tunawawekea wageni, likitokea la kutokea basi. Anayeulizwa ni mtu wa nyumbani. Sisi wote tuliulizwa. Mimi nilinyimwa mara ngapi, nililala nalia! Maana maziwa yetu yalitoka kwa ng'ombe wetu, na ukimuumiza ng'ombe wako umejiumiza mwenyewe."

Nilimtazama mikono, nilitazama kibuyu, nilitazama pale mlangoni babu alipokuwa amekaa. Nilikuwa nimeishi ndani ya siku ile tangu utoto, nikiipangusa na kuipanga upya kila mwaka, na kumbe sikuwahi kuingia ndani yake. Nilishikwa na butwaa ambalo sijawahi kulipata mbele ya kitabu chochote. Kwa hiyo yule mzee aliniinamia, akaniuliza swali moja, na kwa swali hilo akaniingiza ndani ya nyumba yake. Na baba, maskini, aliyejisifu mpaka anakufa!

Kisha nikakumbuka machozi.

"Basi mama alilia nini?" nikauliza.

Mama mdogo akakiweka kibuyu chini. Aliposema, hakuwa anatania tena.

"Dada hakulala usiku wa kabla ya kuja. Alinieleza mwenyewe. Alijua baba yetu hakuitaka ile ndoa, na alijua hatasema neno baya, hakuwa mtu wa maneno. Angempa tu mtoto maziwa, kwa heshima, bila kuuliza. Hicho ndicho alichokuwa anakiogopa. Njia nzima alikuwa anaomba Mungu uulizwe."

Hata mimi nilijua sasa kinachofuata, lakini nilitaka kukisikia kutoka mdomoni mwake.

"Alinivuta nyuma ya nyumba," akasema, "akanishika hivi, kwa nguvu, anacheka na kulia pamoja, sijawahi kumwona vile. Akaniambia, 'Umesikia? Baba amemnyima! Amemnyima mwanangu!'"

Nilimwomba arudie. Akarudia.