Chupa Mbili za Chai

Kwenye ukumbi wa mazungumzo kulikuwa na meza moja na chupa mbili za chai. Chama hiki kiliogopa kutiliwa kitu na chama kile, kila kimoja kikadai chupa yake, lakini Mama Chai alichemsha sufuria moja tu, akaigawa kwenye chupa ya bluu na ya kijani. Mimi mwosha vikombe nilijua, nikafunga mdomo. Uchaguzi haukumpa yeyote viti vya kutosha kuunda serikali peke yake, kwa hiyo vigogo wa vyama hivyo viwili walikuja kila asubuhi kugawana wizara, wakaondoka wamenuna.

Sisi wengine tuliwacheka. Mama Chai hakucheka. Mdogo wake, kitinda mimba wa kwao, alikuwa amelazwa na ugonjwa wa moyo. Madaktari walitaka apelekwe nje, na serikali hailipii safari hiyo bila saini ya Waziri wa Afya. Waziri hakuwepo. Ofisini walimwambia, "Dada, vuta subira. Wakishaelewana tu."

Akawa anamimina chai polepole, masikio wazi. Wizara ya Fedha waliigombania mpaka wakatukanana matusi ya nguoni. Ya Afya walitupiana kama kaa la moto, maana wauguzi walikuwa kwenye mgomo.

"Chukueni nyinyi."

"Aa, wapi! Nyinyi ndio mna wataalamu."

Jikoni nilimwambia, "Dada, si uwaombe?"

"Nimwombe nani? Mwenyewe hajapatikana."

Mdogo wake alifariki siku waliyobishana nani akae kulia kwa nani. Mama Chai alimzika, akarudi kazini. Nilitaka tulie pamoja, hakunipa nafasi. Aliuliza kama sukari imeletwa.

Hatimaye walikubaliana. Wakapigiana makofi, wakataka wanywe kutoka chupa moja mbele ya wapiga picha. Mama Chai akaleta ya bluu. Waziri mpya wa Afya, mzee mcheshi, alimshika bega.

"Mama, umetuvumilia sana. Ukiwa na shida yoyote njoo ofisini. Hata leo hii natia saini."

Nilikuwa na kikombe mkononi, na nusura nimrushie. Mama Chai alimtazama tu, uso mkavu, chupa imeinama tayari.

"Sina shida, mheshimiwa," alisema. "Sukari vijiko vingapi?"