Musée Yetu ya Darasa la Tano

Juma lililopita nilikwenda sokoni Birere kutafuta kitambaa cha pazia, nikajikuta nimesimama mbele ya mama mmoja anayeuza vitabu vya zamani. Amevitandaza chini juu ya turubai, kati ya viatu vya mitumba na chaja za simu. Juu ya rundo kulikuwa na kitabu kikubwa cha Kifaransa, cha sanaa na makumbusho, kimevimba kwa kunyeshewa. Nilikifungua katikati. Kurasa zilikuwa zimeshikana, nikazitenganisha polepole. Ndani yake mlikuwa na picha ya chumba kirefu cheupe, vinyago vimepangwa nyuma ya vioo. Yule mama aliniuliza kitu, sikumsikia. Nilikuwa nimesharudi Katindo, mtaa wa utoto wangu, katika shule yetu ya mbao, nikiwa na miaka kumi na vidole vyenye chaki.

Mwalimu wetu wa darasa la tano alikuwa na kitabu cha namna hiyo. Alikuwa mwanamke mrefu, mpole, mwenye sauti ndogo iliyotulazimisha kunyamaza ili tumsikie. Padri mmoja aliyerudi kwao Ulaya ndiye aliyemwachia kitabu hicho. Alikifunika kwa nailoni, na kabla ya kukigusa tulipanga mstari nje, tukamiminiana mikononi maji ya bidoni, lile dumu la plastiki. Ukitaka kujua furaha ya watoto wa wakati ule, rafiki yangu, ni hiyo: mikono bado ina unyevu, mvua inapiga mabati, na mwalimu anafungua ukurasa mwingine.

Siku moja tulimuuliza musée, yaani makumbusho, ni nini hasa.

"Ni nyumba bantu banawekamo vitu, juu wasisahau," alisema.

"Wasisahau nini?"

"Wao wenyewe."

Hatukumwelewa. Lakini Jumamosi hiyo zamu ya kwenda na kitabu nyumbani, tuliyopokezana kila juma, ilikuwa yangu, nikakibeba kifuani kama mtoto mchanga, nikikwepa mawe meusi na madimbwi ya barabara yetu.

Nyumbani nilimkuta koko. Koko ndivyo tulivyomwita mama mzaa papa, yaani baba yetu. Alikuwa ametoka milima ya Masisi zamani, vita vilipowafukuza, na katika mali yote ya boma lao alikuwa ameokoa kitu kimoja tu: icyansi, chombo cha mti cha kukamulia maziwa, alichopewa na mama yake alipoolewa. Kilikuwa cheusi kwa moshi na siagi, kina mfuniko wa kusuka wenye ncha. Ng'ombe hatukuwa nao tena. Hata hivyo kila asubuhi koko alinunua maziwa kwa mtu aliyeshuka na madumu kutoka milimani, akayamimina humo, ndipo sisi tukanywa. Maziwa yale yalikuwa na ladha ya nyasi na moshi. Tuliyanywa na viazi vya Kibumba vilivyochemshwa na maganda, tukiungua ulimi.

Nilimfungulia koko kitabu, tukakaa mlangoni penye mwanga. Aliyapita masanamu na wafalme haraka. Halafu akaweka kidole juu ya picha moja. Kwenye ukurasa kulikuwa na icyansi, imewekewa taa, nyuma ya kioo, peke yake.

"Soma hapa chini," aliniambia.

Nilisoma, nikamgeuzia kwa Kiswahili: chombo cha maziwa, Kivu.

"Ya nani?"

"Haikuandikwa, koko."

"Soma muzuri."

Nilisoma tena. Hapakuwa na kingine. Aliifuta ile picha kwa ncha ya kitenge kana kwamba ilikuwa na vumbi. Jioni hiyo hakuimba akichambua maharagi kama alivyozoea.

Jumatatu alifuatana nami shuleni. Nilitembea nyuma kidogo, maana niliona haya kwa viatu vyake vya plastiki na fimbo yake. Mwalimu alimpa kiti chake mwenyewe. Koko hakuzungusha maneno; alikionyesha kitabu.

"Mwalimu, wenye hii vitu beko wapi?"

"Sijue, mama. Waliochukua hawakuandika majina."

"Ile icyansi, kuna mwanamuke aliisugua kila siku. Mutu akiona kioo, atafikiri ilijiotea yenyewe kama uyoga."

Darasa lilicheka, mwalimu hakucheka. Aliinama mezani, akasema neno ambalo lilibadilisha mwaka wetu mzima: "Basi, mama, sisi tutafanya musée yetu. Na kila kitu kitakuwa na jina ya mwenyewe."

Siku zilizofuata vitu vilianza kuingia. Jirani aliyeuza makaa alileta pasi ya chuma ya mama yake. Rafiki yangu wa kambi ya wanajeshi alileta filimbi ya marehemu baba yake mwanajeshi. Kikaja kikapu cha kuvunia viazi, jiwe la kusagia, na tezo ya fundi aliyechonga chukudu, zile baiskeli za mbao za kusukumwa, za kubebea mizigo. Tulivipanga juu ya madawati ya nyuma. Sisi ndio tulioandika vipande vya katoni, kwa herufi za kuviringa: kitu, jina la mwenyewe, na jambo moja alilotaka likumbukwe. Jirani wa makaa alisema, "Andika kwamba mama alipiganga pasi ya nguo ya harusi ya mutaa muzima." Mama wa rafiki yangu alifikiri sana juu ya filimbi, mwishowe akasema, "Andika tu kwamba alijua kucheka."

Koko alileta icyansi akiwa ameifunga katika kitenge chake cha kanisani. Papa hakupenda. Alimwambia kwamba kitu kilichovuka vita hakiachwi mikononi mwa watoto. Koko alimjibu kwamba yeye pia alikuwa mtoto alipokiona mara ya kwanza.

Lakini ulizuka ugomvi mdogo. Mwalimu alitaka vyombo vikae vikavu na visiguswe, kama kwenye kitabu. Koko alikuja asubuhi na maziwa.

"Mama, nzi watajaa."

"Ikikauka itapasuka, mwalimu. Chombo ya maziwa bila maziwa ni kuni."

Walivutana kwa heshima, kila mmoja akimwita mwenzake kwa cheo chake. Mwishowe walielewana: siku za kazi chombo kitakaa kitupu, na Jumamosi koko atakuja kukipaka siagi na kukifukiza kwa nyasi kavu, wanafunzi wakitazama. Maziwa yatakuwepo siku ya wageni, wazazi watakapokuja kuona. Mwalimu alituambia kwamba katika kitabu chake hakuna mahali palipoeleza namna ya kuifanya musée inukie, na kwamba hilo tutaligundua sisi.

Siku ya wageni wazazi walijaa hadi dirishani. Mama wa rafiki yangu alisogea, akaichukua filimbi, akaishika mdomoni bila kuipuliza, akairudisha. Hakuna aliyemkataza. Koko aligawa maziwa kwa kikombe kimoja kilichozunguka, na watu ambao mtaani hawakusalimiana, kwa sababu ya lugha na milima waliyotoka, walikunywa kutoka kikombe hicho. Mimi nilisimama karibu na katoni yenye jina la koko, nikawa namsomea kila mgeni jina hilo.

Vitu vilikuwa bado pale mlima wa moto ulio juu ya mji wetu ulipopasuka. Ulipasuka mchana, na moto ukashuka mjini kama uji mzito, ukichagua barabara zake. Tulikimbia na magodoro kuelekea mpakani. Koko alitaka kupitia shuleni. Papa alimshika mkono, akamwambia njia imeshakatika, na kweli ilikuwa imekatika. Tuliona mabati ya shule yakijikunja kwa mbali. Koko alisimama. Kisha akanishika mkono mimi, tukaendelea.

Tuliporudi, nyumba yetu ilikuwa imesimama. Mahali pa shule palikuwa na jiwe jeusi la moto ulioganda, refu kuliko milango iliyokuwepo, bado linatoa mvuke.

Mwalimu alikuja kwetu alasiri moja. Alikaa kwenye kibao uani, miguu imejaa vumbi la mawe. Koko alikuwa anapepeta maharagi. Aliendelea kidogo, kisha akaweka ungo chini.

"Mama, ulinipatia kitu ya mama yako," mwalimu alisema. "Nami sikuitunza."

"Mulima haukukuuliza, mwalimu."

"Ingebaki kwako ingekuwa hapa."

"Ingebaki kwangu, nani angejua jina yangu? Mutaa wote wanaijua sasa. Lala leo. Naona haulali."

Mwalimu alilia pale, kwa sauti ile ile ndogo. Koko alimwachia alie mpaka akamaliza, kisha akaniagiza nilete kipande cha mkaa na katoni. Alimtaka mwalimu aichore icyansi. Koko mwenyewe alikaa kando akisahihisha: shingo nyembamba zaidi, tumbo lishuke, mfuniko uinamie upande. Wakacheka walipokosea. Jioni ilipoingia walikuwa wanabishana kuhusu mfuniko kama watu wa nyumba moja.

Mchoro ule ulikaa ukutani jikoni miaka mingi, hadi moshi ukaumeza. Koko tulimzika kabla sijamaliza shule. Mwalimu alihamia mbali na habari zake zilikatika. Tangu hapo nimeingia katika makumbusho makubwa, yenye walinzi na ubaridi, na kitu cha kwanza ninachotafuta ni jina la mwenyewe. Mara nyingi nakuta jina la mlima tu, au la mto. Huwa nasimama hapo, namfikiria yule aliyekisugua kila siku.

Siku hizi maziwa tunanunua ya mifuko, meupe, safi, hayana harufu ya kitu chochote. Watoto wangu wanayapenda hivyo. Niliwahi kuwaeleza ladha ya moshi na nyasi, wakaniuliza kama yalikuwa yameharibika. Nikawaambia yalikuwa ya koko wangu, nikawatajia jina lake lote, nao wakalirudia.