Imondo ya Mwalimu na Kitabu Chenye Picha Yangu

Ulikuwa ule mwaka wa ugali wa njano, unga wa mahindi ya Amerika tuliogawiwa njaa ilipotubana na Uhuru bado mchanga, na mtu wa kwetu Khayega akikwambia hakuula anadanganya. Mimi niliula, na aibu niliyoila mwaka huohuo bado haijashuka tumboni.

Alikuja msomi wa chuo kikuu, kijana wa miwani, akatuambia baada ya ibada kwamba anachunguza jinsi mtu anavyoona jambo, anavyolikumbuka na anavyolieleza mbele ya hakimu. Hata hajamaliza, mtu akaingia mbio, akanyakua mkoba wake mezani, akatoka. Mayowe! Msomi akatuita mmoja mmoja nyuma ya kanisa tuseme tulichoona, akatupiga na picha, kisha akasema mkoba umepatikana, asanteni, akaenda zake.

Baadaye kikaja kwa posta, kutoka kwa yule msomi, kitabu kinene cha wasomi wa sheria na akili za watu, Kiingereza kitupu, na ndani yake picha yangu, mimi mzima na kitambaa changu kichwani. (Mimi, niliyeacha shule darasa la pili!) Ningekifungia sandukuni ningekuwa salama. Lakini tulikuwa na kesi na jirani yetu, mzee Ambani, juu ya kipande cha shamba kando ya mto penye migomba yetu, na shahidi nilikuwa mimi peke yangu, kwa sababu marehemu baba mkwe alipopanda miti ya mpaka ni mimi niliyemshikia miche. Nikasema, acha Ambani aje aone ni shahidi wa aina gani anayemngoja. Nikachinja jogoo, nikaita kijiji, naye nikamkalisha mbele kabisa.

Imondo, ile firigisi ambayo kwetu huliwa na mwenye boma au mgeni mkubwa, wanawake hawaionji, nikampa mwalimu Luvai ili atusomee na kutugeuzia kwa Kiswahili. Mume wangu aliitazama ile sahani akameza mate (jogoo wake, lakini kitabu changu).

Mwalimu alisoma vizuri mpaka akafika chini ya picha yangu, akakohoa.

"Mama Muhonja, tuishie hapa. Giza linaingia."

"Giza gani na jua lile linatuchoma? Umekula imondo yangu, soma mpaka mwisho!"

Akasoma, sauti imekwenda chini. "Shahidi huyu ndiye aliyekuwa na uhakika kuliko wote, na ndiye aliyekosea kuliko wote. Alisema mwizi ni mfupi, ameshika panga, tena ni kijana wa jirani yake. Tulimtuma dereva wetu, mtu mrefu, na mkononi alishika ndizi."

Ambani akaweka paja la kuku chini polepole.

"Kijana wangu? Yule aliyekuwa Likuyani akivuna mahindi?" Nikafikiri atanipiga. Kumbe anacheka. "Haya, Mama Panga, siku ya kesi utuambie uliona miti. Au ilikuwa ndizi?"

Walicheka mpaka mchuzi ukamtoka mama mkwe puani.

Siku ya kesi, kwa chifu, wazee wakaniita. Ile miti niliiona kwa macho haya, udongo wake uliingia kwenye kucha hizi, hata leo nikifungwa macho nitakupeleka. Lakini Ambani alikuwa ameketi mbele akimenya ndizi, taratibu, na watu wameshaanza kuziba midomo wasicheke. Nikageuza uso nisiione ndizi ile. Nikasema, "Mimi sikuona, na kama niliona sikumbuki, na kama nakumbuka sisemi."

Tukapoteza migomba. Mume wangu hakunigombeza hata neno moja, heri angenigombeza. Alikuwanga akitoka sokoni na ndizi za kununua, anaziweka mezani mbele yangu.

Sasa mjukuu wangu anasomea sheria chuo kikuu (ndiyo, wangu huyu, atakuwa hakimu, mtaona), na majuzi amekuja na kimashine cha kunasa sauti.

"Kukhu, naandika utafiti juu ya ushahidi wa zamani. Niambie tu miti ya mpaka ya baba mkwe wako ilisimama wapi."

Nikamtazama, moyo ukanijaa. Nikamchinjia jogoo, na imondo nikampa yeye, msichana hivyohivyo, wanaume wakitazama. Akala akaimaliza, akabonyeza kimashine chake, akanisogezea mdomoni.

"Mimi sikuona, na kama niliona sikumbuki, na kama nakumbuka sisemi."