Konzi ya Bi Mwiko

Bi Mwiko alipika shule ya bweni miaka thelathini na mmoja, wanafunzi mia sita kila siku, na hakuna aliyekufa. Mwenyewe alijisifia hilo, utadhani wapishi wenzake waliua. Lakini kinyozi hajinyoi: nyumbani kwake mpishi alikuwa mumewe, fundi cherehani. Tangu wiki ya harusi alimwambia kwamba akitoka kazini hataki kuona hata moshi, na fundi, kwa vile alipenda tumbo lake, akakubali bila kinyongo. Ujira wake ulikuwa firigisi, aliyoitafuna hapohapo jikoni kabla mtu hajakaribishwa.

Sasa fundi alikuwa na siku ya tano kitandani, kautazama ukuta, hali wala hasemi. Homa ilishamtoka, ila hamu ya chakula haikurudi. Daktari wa zahanati alisema wazi: asipokula leo, kesho analazwa. Bi Mwiko aliingiwa na hofu. Dada yake alilazwa hivyohivyo, akarudi kafunikwa shuka.

Basi akachinja kuku, akamkatakata, akainjika sufuria ndogo. Akaengua povu, akatia kitunguu, tangawizi na karoti. Mpaka hapo mambo yalikwenda vizuri. Kisha mkono ukaingia kwenye kopo la chumvi. Mkono uliozoea watu mia sita haumjui mtu mmoja. Ulitoka na konzi nzima, ukaitosa kabla mwenyewe hajazinduka.

Akaonja, macho yakamtoka. Akaongeza maji, akahamia sufuria kubwa. Supu ikapooza ikawa kama maji ya kunawia, ndipo akatia viazi vyote vya kapuni, kabichi zima, na tetea aliyekuwa akitaga kila siku, kipenzi cha fundi. Akaonja tena, na mkono uleule ukarudi koponi. Alasiri ilimkuta uani na sufuria la shughuli aliloazima kwa jirani, akikoroga kwa mwiko wa shule, ambao alistaafu nao bila kumuaga mtunza stoo.

"Kuna msiba?" jirani akauliza juu ya ukuta.

"Bado. Leteni mabakuli."

Wakaja, nyumba ya kushoto na ya kulia, wakanywa kwa kelele na kugombea mapaja. Bi Mwiko akaingia chumbani na bakuli. Fundi akageukia ukutani. Akambembeleza, akamtisha, akamwita majina ya uchumba, wapi. Akakaa ukingoni mwa kitanda, machozi yakimlengalenga, bakuli likipoa mapajani.

Jirani akapaza sauti kutoka uani: "Shemeji, hizi firigisi mbili zina mwenyewe?"

Kitanda kikalia.

"Zina mwenyewe," fundi akasema.

Akatoka kajitanda blanketi, akishikilia kuta, akakaa kwenye kigoda. Akala firigisi zote mbili, kisha akanywa supu hadi chini.

"Chumvi imezidi," akasema. "Karoti zimekuwa uji. Na kuku umemkata kama unapasua kuni."

Bi Mwiko hakuwahi kutukanwa akafurahi namna ile. Alijifuta uso kwa kanga, akasingizia moshi.

Fundi akalichungulia sufuria, kisha akatazama banda la kuku.

"Huyu wa pili alikuwa anataga."

"Alikuwa anataga," mkewe akakubali, akamjazia bakuli tena.