Mwiba Niliosema Nimeutoa

Chini ya jengo ninaloishi hapa Kware, Nairobi, kuna mama anayekaanga samaki kuanzia saa kumi jioni. Harufu yake hupanda ghorofa sita, hupenya chini ya mlango na kunikuta nimeinamia kazi yangu. Majirani wakiipata hushikwa na njaa. Mimi hushikwa kooni kwanza. Humeza mate polepole, mara mbili, kuhakikisha kwamba yanapita. Ni jambo la kijinga na sijawahi kumwambia mtu. Nawaambia ninyi.

Nilikuwa na miaka tisa, na nilikuwa mtoto asiyekosea. Sisemi hivyo kwa majivuno. Ilikuwa kama kazi niliyojiandika mwenyewe. Tulikaa Makongeni, kwenye nyumba za reli. Baba alikuwa fundi karakanani na mama alifuma masweta ya shule kwa mashine iliyojaza nusu ya chumba. Mimi nilisugua sufuria mpaka zikanionyesha uso wangu. Nikifua soksi, nilizianika zikiwa zimeelekea upande mmoja. Kina mama wa laini yetu ya nyumba walinitaja kwa watoto wao: "Si umwone Atieno?" Watoto hao walinichukia, na sasa naona walikuwa na haki.

Kazi yangu kubwa ilikuwa samaki. Mdogo wangu Ochi alikuwa na miaka minne na hakuweza kumtoa samaki miiba mwenyewe, kwa hiyo mama alinifundisha. Unaanza mgongoni, unafungua nyama kama unayefungua daftari, unauvuta uti wa mgongo kutoka mkiani. Halafu unarudi upande wa tumboni, zilikojificha mbavu, nyembamba na zilizopinda. Hapo macho hayakusaidii. Unabonyeza nyama kati ya vidole viwili, kipande kwa kipande, mpaka yote ikubali kwamba ni laini. Miiba niliyoitoa niliipanga kwenye ukingo wa sahani, mrefu mpaka mfupi. Hakuna aliyeniagiza kuipanga.

Jumamosi ninayoisema, shule zilikuwa zinafunguliwa Jumatatu. Mama alikuwa na masweta ya darasa zima ya rangi ya maruni, wekundu uliokolea, ambayo bado hayakuwa na mikono, na tangu alfajiri mashine ilikuwa ikienda kraa, kraa, kraa. Chakula cha mchana kilikuwa ugali na samaki aina ya ngege aliyenunuliwa soko la Gikomba, akafungwa kwenye gazeti.

Gazeti lile ndilo lililoniponza. Nilikuwa na mazoea ya kusoma karatasi zote zilizofungiwa vitu, ya sukari, ya mandazi, ya samaki, na huko ndiko nilikojifunza maneno mengi kuliko shuleni. Siku ile palikuwa na habari ya mwanamke aliyempeleka jirani yake kortini kwa sababu ya jogoo aliyewika saa zisizofaa. Nilitaka sana kujua hakimu alimwamuliaje jogoo. Mafuta yalikuwa yanaenea kwenye karatasi, na Ochi alikuwa karibu kuifutia mikono. Upande wa kwanza wa samaki nilikuwa nimeumaliza vizuri. Wa pili niliutoa miiba ya mgongoni, halafu tumboni nikapitisha vidole tu, macho yakiwa kwa jogoo. Nikafinyanga tonge, nikalitia nyama, nikampa.

Ochi aliacha kutafuna. Hakulia, na hilo peke yake lingenitosha kujua, maana Ochi alilia hata akivalishwa shati. Alinitazama kana kwamba mimi ndiye ningemweleza.

"Ati," akasema, jina alilozoea kuniita, "kuna kitu."

Lazima mjue kwamba mdogo wangu alikuwa na jina baya katika mambo haya. Hakupenda ugali, alipenda kusukuma tairi lake nje, na alikuwa amegundua kwamba ukisema umekwamwa na mwiba watu wanakuacha uondoke mezani. Wiki ile alikuwa amekwishakwamwa mara mbili, na mara zote mbili akapona alipoufikia mlango.

Mama hakusimamisha mashine. "Ochi, leo sina wakati wa sinema yako." Kraa, kraa. "Atieno, ulitoa miiba?"

"Nilitoa yote."

Jibu lilitoka kabla sijaliomba. Nadhani lilikuwa limekaa mdomoni mwangu miaka mingi likingoja swali.

"Basi mpe tonge kubwa alimeze. Asitafune."

Nikafinyanga tonge kama yai. Alilimeza, machozi yakamtoka, akashika shingo. Nikampa la pili. Hilo lilirudi mkononi mwake, na ndani yake mlikuwa na kitu chekundu, chembamba kama uzi. Nilijiambia ni uzi wa sweta. Nyuzi zilikuwa kila mahali nyumbani kwetu, hata kwenye chumvi. Nikaichukua sahani nikaenda nayo bombani.

Pale kwenye saruji niliziosha mbavu zile na kuzipanga kwa jozi, kila moja na mwenzake wa upande wa pili, kama viatu. Moja ilikosa mwenzake. Nikazivuruga, nikazipanga upya, taratibu zaidi. Ile moja ikabaki peke yake tena.

Paka wa jirani yetu Mama Zuhura alikuwa ameketi karibu akinitazama. Niliinamisha sahani nikampa vyote, uti, mbavu, kichwa. Sikumhurumia paka. Nilitaka pasiwe na mtu mwingine wa kuzipanga.

Niliporudi ndani Ochi alikuwa ameegemea ukuta, kichwa ameinamisha mbele, mdomo wazi. Mate yalikuwa yanamdondoka na shati lote la kifuani lilikuwa limelowa. Kila baada ya muda alijaribu kumeza, akafumba macho kwa nguvu, akaacha. Nilimfuta kwa kitambaa. Hakunisukuma. Aliniegemea, akaweka kichwa chake chenye jasho begani mwangu, na hapo nikaona kwamba katika dunia nzima huyu mtoto alikuwa amekimbilia mtu asiyefaa.

Nikaenda nikasimama kando ya mashine.

"Mama, niliacha mwiba."

Mashine ikasimama. "Wapi?"

"Tumboni, upande mmoja. Nilikuwa nasoma gazeti."

Mama akacheka, kicheko cha mtu aliyechoka. "Wewe? Uache mwiba? Acha kumtetea, mama. Unaogopa nitamchapa."

"Simtetei."

"Haya, leta hiyo miiba nione."

"Nimempa paka."

"Si unaona." Kraa, kraa, kraa.

Sijui kama mmewahi kusema ukweli mkarudishiwa kama chenji isiyo yenu. Nilikuwa nimejenga jina langu kwa kila sufuria na kila soksi, na sasa jina hilo lilikuwa limesimama mlangoni likimzuia mama asinisikie. Mama alikuwa ameinama, nywele zimemwangukia usoni, anahesabu safu za uzi kwa midomo.

Nilikimbilia mlango wa pili. Mama Zuhura alikuwa mtu wa Mombasa aliyeolewa Nairobi na mwuza kanzu wa Eastleigh, na alikuwa kibarazani na ungo mapajani akichambua mchele. Nilipanga kumwambia yote kuanzia jogoo. Nilisema tu, "Ochi ana mwiba, mama haamini."

Hakuuliza nani kakosa. Aliweka ungo chini, akaja, akapiga magoti mbele ya Ochi.

"Baba, hebu meza mate nikuone."

Ochi akajaribu. Shingo ilipanda, ikakwama, machozi mawili yakatoka kwa wakati mmoja.

"Mama Atieno," Mama Zuhura akasema bila kugeuka, "hebu iache hiyo mashine. Mtoto mwongo humeza mate yake. Huyu hamezi."

"Lakini Atieno alisema ametoa yote."

"Atieno naye si mtoto?"

Mama aliinuka ghafla, na safu nzima ya sweta ikafumuka nyuma yake. Aliona uzi mwekundu kama ule wa kwenye tonge kidevuni mwa Ochi, akaugusa, akautazama kidoleni. Maruni na damu vinafanana kwa mbali tu.

"Asipewe ugali tena," Mama Zuhura akasema. "Mtausukuma mwiba ndani."

Tulikwenda kliniki kwa miguu, haraka, Mama Zuhura akiwa nasi, mama amembeba Ochi kifuani, kichwa chake kikining'inia begani kikinielekea mimi niliyekuwa nyuma. Mate yalichora mstari mrefu mgongoni mwa blauzi ya mama. Njia nzima nilimwangalia mdomo. Kila alipokawia kuvuta pumzi, na mimi nilijizuia, nikamngoja. Nilimwahidi Mungu mambo mengi. Nilimwahidi kwamba akipona nitasimama mbele ya wote wanaonisifu, laini nzima, niwaambie habari ya paka.

Kliniki haikuwa na mtu mwingine ila daktari mmoja kijana aliyekuwa na nusu ya chapati mkononi. Aliiweka juu ya faili, akanawa, akamkalisha Ochi mapajani mwa mama.

"Nesi ameenda kula. Nani atanishikia tochi?"

Nilinyoosha mkono kama darasani. Nilidhani nimepewa nafasi ya kurekebisha. Lakini mikono yangu, ile iliyosifiwa Makongeni yote, ilitetemeka hadi mwanga ukacheza puani kwa Ochi, kwenye kalenda, kila mahali.

"Msichana," daktari akasema, "tunamtibu mtoto ama tunatibu dari?"

Akaichukua tochi, akampa Mama Zuhura, akaniambia nishike miguu. Nikashika miguu. Daktari akabonyeza ulimi, akaingiza koleo jembamba lililonishinda kutazama. Ochi alirusha teke likanipata kidevuni. Halafu mambo yote yakalegea.

Juu ya pamba palikuwa na kijiti kimoja kilichopinda, kifupi kuliko njiti ya kiberiti.

"Ni huu tu?" mama akauliza.

"Ni huu tu. Mngeendelea kuusukuma na ugali, saa hii mngekuwa njiani kwenda hospitali kubwa."

Ochi alifunga mdomo. Akameza. Akafikiri kidogo. "Nataka soda," akasema, na mama akaketi vizuri kwenye kiti kana kwamba sasa ndipo amefika.

Nilingoja kuchapwa Jumamosi hiyo, Jumapili, na Jumatatu nikiwa na yunifomu. Hakuna aliyenichapa. Mama hakuuliza lolote. Jumamosi iliyofuata akaleta ngege, akaweka sahani mbele yangu. Niliisukuma.

"Toa wewe."

"Utatoa wewe," akasema. "Ukimaliza, mimi nitapitia."

Nilitoa, kamasi zikinitiririka. Mama aliiacha mashine, akaja kuketi mkekani, akavivuta vidole vyake palepale vilipopita vyangu, upande wa tumboni, kipande kwa kipande. Akapata mmoja, mdogo kama unyoya. Akauweka ukingoni mwa sahani, akamsogezea Ochi chakula, naye akala bila kututazama.

Kwa miaka mingi niliuhesabu ukaguzi ule kuwa hukumu. Niliona haniamini tena, na nikazidi kujikaza katika kila kitu, mpaka leo siwezi kukabidhi kazi bila kuirudia mara nne. Sikuwaza kwamba masweta yalikuwa hayajaisha siku ile pia. Sikuwaza kwamba mwanamke asiyekuwa na dakika moja ya kupoteza aliisimamisha mashine kila Jumamosi, hadi Ochi alipojua kutoa miiba mwenyewe. Kule kliniki alikuwa ametazama miguu ya mwanawe ikishikwa na mtoto mwingine anayetetemeka, na nadhani ndipo alipoona kati ya mwiba na koo la Ochi alikuwa amemweka nani, peke yake, kwa muda gani.

Sikumbuki kama niliwahi kumshukuru. Nakumbuka tu kwamba miezi ile, nikishamaliza upande wa pili na kumsogezea sahani, mikono yangu ilitulia hata kabla hajaanza kukagua.